Mzee Asiyelamba Chumvi

Mama yangu ana shinikizo la damu, ambalo sisi wa mji wa Kindu tunaliita tansio, na muuguzi wa kituo cha afya amemkataza chumvi. Kwa hiyo kila siku mchana mimi ndiye ninayempikia sombe, yale majani ya muhogo, bila chumvi, na kila siku mchana ananinunia. Anaisukuma sahani, anaikodolea macho kama imemtukana, anasema haya ni majani ya mbuzi. Nisijifanye mwema. Ziko siku nimemwona akitafuna kwa uso uliokunjamana, na moyoni nimefurahi. Nimefurahi sana.

Nitaeleza kwa nini, na ili nieleze lazima nianze na mtu ambaye hakuwahi kuzaliwa.

Miaka ya vita Kindu ilikuwa imefungwa. Treni haikuja tena kutoka kusini. Baba, aliyekuwa fundi wa reli, aliendelea kuvaa kofia yake ya kazi kila asubuhi na kwenda stesheni, akaketi na wenzake mpaka saa sita, halafu akarudi nyumbani kama mtu aliyetoka kazini. Boti hazikupanda wala kushuka. Wenye bunduki walikuwa mjini, wenye bunduki wengine walikuwa msituni, na mashamba yetu yalikuwa katikati yao. Hata hivyo hatukufa njaa. Mpunga tuliupata kidogo, muhogo tuliupata, mawese hayakukosekana. Kilichokosekana kabisa kilikuwa chumvi. Ndege zilileta, lakini ya ndege ilikuwa ya wakubwa. Wanawake walichoma magugu ya mtoni, wakachuja majivu, wakatupatia maji machungu yaliyotuchubua midomo. Baadaye hata kushuka mtoni kuchuma magugu kukawa hatari, tukabaki na sombe tupu.

Mdogo wangu wa mwisho ndiye aliyegoma kwanza. Alifunga mdomo, basi. Wa pili akamwiga. Mimi nilikuwa mkubwa wao, nina miaka kumi au kumi na moja, nikangoja nione nani atapigwa ndipo nijue upande wa kushika. Mama hakumpiga mtu. Alikuwa uani anatwanga mpunga. Akauacha mchi usimame kinuni, akasema:

“Munajua ule muzee mwenye hakulamba chumvi hata siku moja?”

Hatukumjua. Leo nadhani na yeye mwenyewe alikuwa amemjua kwa muda wa pumzi mbili tu.

Kulikuwa na nchi, alisema, ambako mto hupanda mlima asubuhi na kushuka jioni, kwa hiyo watu wake hawana juu wala chini. Ukimuuliza mtu anatoka wapi, anakutajia saa. Katika nchi hiyo chumvi yote ilikuwa kilima kimoja cheupe, na mfalme alijenga nyumba yake juu ya kilima hicho ili asiibiwe. Huko ndiko alikozaliwa yule mzee. Alizaliwa akilia kama watoto wengine, lakini bibi mmoja alipolamba shavu lake, alikuta machozi hayana chumvi. Bibi akawageukia watu akasema: huyu atabeba kiu ya wenzake.

Mama alitwanga mara tatu, akasema sentensi moja, akatwanga tena mara tatu. Sisi tulikula kwa kufuata mchi. Siku ile sahani zilisafishwa, hata mdogo wangu alilamba mawese vidoleni.

Tangu hapo mzee alikua kidogo kila mchana. Akawa mtoto asiyefungua kinywa mpaka aulizwe jambo la kweli. Akawa kijana. Aliketi katikati ya mto miaka saba, maji yakimpita kwenda juu asubuhi na kumpita kurudi chini jioni, mpaka akayazoea kama mtu anavyozoea kelele za jirani. Mfalme akamwita, akamwambia lamba kilima changu mara moja tu, nikufanye mshauri wangu. Akakataa. Wakamfungia katika ghala la chumvi masika mazima, na mlango ulipofunguliwa, mzee alikuwa amenona na chumvi ya ghala yote imekuwa mchanga. Tulipiga makofi kwa mikono yenye mafuta. Majirani waliokuja kutwanga kwetu walipiga makofi pia, na nina hakika walienda kuwalisha watoto wao kwa hadithi ileile, maana baada ya muda nilimsikia mzee wetu akitajwa na watoto wa mtaa wa pili, kwao akiwa na ndevu.

Kisha baba akachoka na stesheni. Yeye na mwenzake mmoja wa reli walipakia madumu ya mawese juu ya kinga, ndivyo tunavyoiita baiskeli, wakavuka mto kwenda kuisukuma kwa miguu kuelekea Lubutu, ambako walisikia mawese yanabadilishwa kwa chumvi. Wiki ileile, hadithi ya mama ikapata kipande kipya. Yule mzee, kumbe, alikuwa anaweza kuhisi ulimini mwake mahali msafiri alipo. Mke alimjia akasema mume wangu yuko njiani, na mzee akafumba macho. Ulimi ukikauka, msafiri yuko juani. Ukiwa mchungu, amepotea. Ukiwa mtamu, amelala kwa watu wema. Ila ulimi ule haukusikia lolote kama mtu mmoja wa nyumba ile amelamba chumvi. Tena ilikuwa mbaya zaidi: chumvi ya aliyeko nyumbani humkausha aliyeko njiani. Basi nyumba nzima ilijinyima mpaka msafiri avuke kizingiti.

Jambo hilo halikutushangaza. Kwetu mtu akiwa msituni au safarini, waliobaki humchunga kwa miiko. Bibi yangu alipokuwa mke wa mwindaji hakugombana na mtu wala kuazima moto mpaka mumewe arudi, na mume akirudi mikono mitupu, swali la kwanza lilikuwa: nani nyumbani ameharibu? Kwa hiyo mzee wa mama aliingia ndani ya nyumba yetu kama mgeni aliyeijua njia. Hata yeye mama, nafikiri, alikula sombe tupu siku zile kwa moyo safi, ingawa chumvi yenyewe ya kujinyima haikuwapo.

“Na mwisho yake?” niliuliza. “Ule muzee alikufa namna gani?”

“Mwisho nitawaambia siku baba yenu atafika.”

Baba alifika. Miguu ilikuwa imevimba, gurudumu la mbele lilikuwa limejazwa majani badala ya mpira, na katikati ya shati lililofungwa mara tatu alikuwa na chumvi, labda ya kujaza sufuria ndogo. Hakuingia hata kunawa. Alituita mmoja mmoja, akakikamata kiganja changu, akamimina humo chumvi kidogo, akanikunja vidole na kuvikunjua tena kama anayenipa kitu cha siri.

“Lamba polepole,” akasema. “Usimalize mara moja.”

Nimekula vitu vingi tangu siku ile. Sikumbuki kitu kingine kilichonifurahisha namna ile, na sikuwa nafurahia chumvi peke yake. Kilikuwa kile kiganja chake kigumu chini ya changu. Mama alipika sombe yenye ladha, majirani wakaja, na katika shangwe hiyo hakuna aliyekumbuka kuuliza mwisho wa mzee. Nilijua tu kwamba tulijinyima, na baba akarudi. Mtoto anahitaji ushahidi gani zaidi?

Chumvi iliyobaki mama aliifunga katika kipande cha kitenge, akakining'iniza juu ya jiko. Nayo ikapungua kama inavyopungua. Siku moja baba alichukua tena kinga na mwenzake yuleyule, akavuka mto mara ya pili. Mama akatukusanya, akakigusa kile kitenge.

“Baba yenu iko mu njia. Hakuna mutu kulamba hii. Munasikia?”

Tulisikia.

Nililamba. Sitasema njaa ilinisukuma, maana si kweli. Siku zilikuwa zimepita nyingi, nilikuwa peke yangu jikoni mchana, na nilimtaka baba yangu. Nilipanda juu ya kinu kilichogeuzwa, nikafungua fundo, nikamimina chembe chache kiganjani, nikakunja vidole na kuvikunjua, nikalamba polepole kama alivyosema. Ndiyo yote. Nililia kidogo pia. Halafu nikalifunga fundo, na nikalifunga vibaya.

Mama aliliona jioni ileile. Aliuliza nani, nikasema mimi. Hakunigusa. Alinitazama tu akasema, “Utaona,” akaendelea kukoroga muhogo. Ningelipa chochote anipige siku ile.

Baada ya wiki chache mwenzake baba alirudi peke yake, bila kinga na bila viatu. Aliketi uani kwetu akaeleza. Walikuwa wamepata chumvi yao, wako njiani kurudi, wameipita Obokote, wakakuta kamba imefungwa barabarani na watu wenye bunduki. Wakatoa pesa zote walizokuwa nazo. Wakatoa kinga. Baba hakubisha. Ila wale wenye bunduki walipoivuta ile chumvi, aliikumbatia akasema hii ni ya watoto. Walimwambia aachie. Hakuachia. Mwenzake alikimbilia msituni, na kabla hajafika mbali alisikia mlio mmoja, akageuka, akamwona baba chini. Watu wa kijiji cha karibu walimzika. Wapi hasa, hakujua.

Kaburi hatukuliona. Mkeka wa matanga ulitandikwa uani, wanawake wakaja wakakaa, shangazi yetu, dada yake baba, akiwa mbele kabisa. Mimi nilikuwa nabeba maji. Mama alikuwa amelia mpaka sauti imekwisha. Halafu aliinua kichwa, akaninyooshea kidole mbele ya wote, akasema kwa ile sauti iliyobaki:

“Ni huyu. Huyu mutoto njo aliua baba yake. Alilamba chumvi.”

Wanawake waligeuka wakaniangalia. Hakuna aliyesema acha, ni mtoto. Shangazi alinitazama muda mrefu kuliko wengine. Niliiweka ndoo chini taratibu ili maji yasimwagike, na nakumbuka kwamba niliona aibu kwa sababu bado nilikuwa na kiu.

Mtu mwenye akili ataniambia: alikufa kwa risasi, mchana kweupe, mikononi mwa watu waliojua walichofanya, na wewe ulikuwa na miaka kumi. Asante. Nimejiambia maneno hayo mara nyingi kuliko nilivyosali. Nilijua vizuri kabisa jinsi baba alivyokufa, na bado mkono wangu haukuweza kuinua chumvi kuileta mdomoni. Mwiko ulisema mpaka msafiri arudi. Msafiri hakurudi. Kwa hesabu yangu ya kitoto, basi, mwiko haukuwa na mwisho, na hesabu hiyo niliingia nayo utu uzima.

Wadogo zangu walikula chumvi vita ilipopoa na barabara zilipofunguka. Mama alikula. Mimi nilijitengea yangu kabla hajatia, na mama aliniona nikifanya hivyo mwaka baada ya mwaka, hakuniuliza kitu. Nilipoolewa huko Pangi na mchimba madini, mama mkwe aligundua mwezi wa kwanza. Hakunigombeza, alinisubiri nimalize kuosha vyombo, akasema mbele ya mume wangu:

“Muntu mwenye hakule chumvi, anakula nini?”

Kwetu hilo si swali la mapishi. Maana yake ni kwamba mimi ni mchawi, nakula watu. Mwanzoni mume wangu alicheka. Mtoto wetu wa kwanza alipofariki kwa homa, aliacha kucheka. Nilirudishwa Kindu nyuma ya pikipiki na mimba ya miezi sita na cherehani kwenye mapaja. Mimba hiyo ni binti yangu wa leo, ambaye ananisaidia kuonja chakula kikipikwa kwa wageni, maana mimi siwezi kujua kimekolea au la. Nashona nguo mtaa wa Kasuku, karibu na soko. Mbele ya meza yangu chumvi inauzwa kwa vikombe, marundo meupe juu ya plastiki, na akina mama wa pikipiki na wasio na pikipiki wananunua bila kuitazama. Nimeketi mbele ya marundo hayo miaka mingi.

Na miaka hiyo yote mama hakuniambia kwamba mzee ni wa kutunga. Hapo ndipo uchungu wangu ulipo. Yule mzee sikumchukia. Niliamini aliishi kweli, katika nchi yake yenye mto mkaidi, na kwamba mimi ndiye niliyeupofusha ulimi wake siku baba alipomhitaji. Nilimwomba msamaha zaidi ya mara moja, kwa sauti, nikiwa peke yangu.

Mwezi uliopita muuguzi alikuja nyumbani kumpima mama. Alifunga kile kitambaa cha kupimia mkononi, akapampu, akatikisa kichwa, akarudia katazo lake.

“Mama, chumvi hapana. Kabisa.”

Mama akacheka kwa meno aliyobaki nayo. Anawapenda watu wa kumsikiliza.

“Wee, Mungu analipisha! Wakati ya vita miye njo nilikuwa nadanganya hawa batoto. Chumvi haikukuwa, banakataa sombe. Nikabatungia muzee moja mwenye hakulamba chumvi hata siku moja. Nikamutoa tu mu kichwa, vile natwanga. Na balikula! Sasa bananirudishia.”

Muuguzi alicheka mpaka akafuta macho. Mimi nilikuwa nimeinama, nachambua mchele kwenye ungo. Niliendelea kuchambua. Nilitoa mawe matatu, nikayaweka chini kwa mstari, nikangoja mgeni aage na mlango wa ua ufungwe.

“Mama. Ule muzee, ulimusikia kwa nani?”

“Kwa nani tena? Nimesema nilimutunga.”

“Na mwisho yake?”

“Mwisho gani? Sikufikia mwisho.”

“Na siku ya matanga ya baba ulisema nini juu yangu?”

Nilikuwa nimejiandaa aseme amesahau. Miaka yote nilikuwa nimejiandaa kwa hilo, na ningempigia kelele mpaka majirani waje. Aliivuta kanga mabegani, akaangalia kinu kilichokuwa kimeegemezwa ukutani.

“Nilisema weye njo uliua baba yako.”

“Ulikuwa unajua muzee haiko.”

“Nilikuwa najua.”

“Sasa kwa nini, mama?”

Alipoongea, aliongea na kinu.

“Baba yako hakutaka kwenda mara ya pili. Alisema njia imeharibika. Miye njo nilimusukuma. Nilimuambia, mwanaume gani anakaa stesheni kungojea treni yenye haikuye? Nilimuambia mbele ya dada yake. Na siku ya matanga ule dada alikuwa pale ku mukeka, ananiangalia, anangojea tu nifunge kinywa ili aseme. Nikatafuta mutu mwingine.” Akaivuta tena kanga. “Nikakuona unapita na maji.”

“Nilikuwa mutoto.”

“Njo maana. Nilisema mutoto atasahau.”

Nilingoja. Nilikuwa nalijua neno nililolitaka, ni moja tu, na nilijua hata jinsi angelitamka. Jogoo wa jirani alipita uani. Mama alikigusa kijiko kwenye sahani ya sombe niliyompakulia kabla muuguzi hajafika.

“Hii chakula imepoa,” akasema. “Tia basi chumvi kidogo.”

Nilisimama nikaingia jikoni. Chumvi ya binti yangu inakaa katika kopo la maziwa, karibu na mawese. Nilipakua sombe yangu kwenye sahani, nikafungua kopo, nikatia. Nikatoka, nikaketi mbele ya mama, magoti yetu yakikaribia kugusana, nikaanza kula huku ananitazama. Nilitaka aone. Nilitaka aone kila kijiko.

Kijiko cha kwanza kilinichoma hadi kwenye masikio. Macho yalijaa maji. Nilimeza kwa hasira, nikachota cha pili.

“Iko namna gani?” mama akauliza, na kwa kweli alitamani kujua.

“Imezidi.”

Alinyoosha shingo akaiangalia sahani yangu, akaona chembe nyeupe zikiwa juu ya majani hata hazijayeyuka, akaanza kucheka, kicheko chake kilekile cha uani cha zamani.

“Mwanamuke muzima hajue kupima chumvi!”

“Ningejifunzia wapi, mama?”

Kicheko kilikatika. Alinitazama usoni, mara ya kwanza mchana ule, na akaendelea kunitazama mpaka mimi ndiye niliyeshusha macho. Sahani yangu sikuweza kuimaliza. Niliiweka chini na kuku wakaikimbilia. Mama aliivuta yake. Alikula sombe yake tupu, iliyopoa, kijiko baada ya kijiko, bila kukunja uso na bila kusema ni majani ya mbuzi, mpaka sahani ikabaki nyeupe.